Nani Anachekwa? Filamu za Eddie Murphy katika Mizani ya Utani

Ndugu Mwenyekiti, wazee wangu, dada na kaka zangu mliofika jioni hii,

Nilipoombwa nizungumzie filamu bora za Eddie Murphy, mwigizaji na mchekeshaji wa Marekani, na kuzipanga kwa daraja, nilikubali upesi, kisha nikajuta wiki nzima, kwa sababu kila niliyemdokezea habari hii alikuwa na orodha yake tayari, na karibu kila orodha ilianza na Coming to America. Sina ugomvi na filamu hiyo. Niliiona kwa mara ya kwanza katika banda la video, nimekaa kwenye benchi la mbao lisilo na egemeo, katika miaka ile ya baada ya 1994, televisheni Tanzania Bara ikiwa ndiyo kwanza inaanza na deki moja ya video ikitosha kuhudumia mtaa mzima. Kanda ilikuwa imechezwa mno hata nyuso za waigizaji zilikatwa na mistari. Mkalimani wetu, kijana aliyesimama kando ya televisheni na kipaza sauti mkononi, hakutuzidi sana Kiingereza, na alipokwama alibuni. Nilipokuja kuitazama tena ukubwani, kwa utulivu, niligundua kwamba vichekesho viwili nilivyokuwa nikivisimulia kwa miaka yote hiyo havimo kabisa katika filamu. Vilikuwa vya mkalimani.

Nimelieleza hilo mapema ili mjue kwamba anayehukumu mbele yenu ni shahidi asiyeaminika sana, na kwamba anahitaji mizani iliyo imara kuliko kumbukumbu yake. Mizani niliyoichagua ni utani. Sikusudii utani kwa maana ya mzaha wowote ule, bali ule wa watani, kama wa Wanyamwezi na Wazaramo, ambapo mtu huweza kufika msibani akajilaza kaburini na kukataa kutoka mpaka apewe chochote, wala wafiwa wasimkasirikie. Utani huo una sharti moja ambalo halivunjwi: anayetaniwa ana haki ya kujibu, na zamu yake itafika. Akinyimwa zamu hiyo, kilichobaki ni kejeli, hata kama ukumbi mzima unacheka. Basi katika kila filamu nimejiuliza nani anachekwa, na je, amepewa nafasi ya kujibu?

Kabla ya kupanga, sharti niondoe baadhi. Naiondoa Shrek, filamu ya katuni ya mwaka 2001, kwa kuwa humo ni sauti yake tu inayofanya kazi, ingawa yule punda anayemtolea sauti ni mtani wa kweli. Naiondoa Dreamgirls ya 2006, iliyompa tuzo ya Golden Globe na kumfikisha kwenye kuwania Oscar, kwa kuwa si filamu ya vichekesho. Naondoa pia maonesho yake mawili ya jukwaani, Delirious ya 1983 na Raw ya 1987, na hapa sababu ni ya mizani yenyewe: katika maonesho hayo mtu mmoja ana kipaza sauti na wengine wote hawana. Mengi ya aliyoyasema jukwaani yaliwaangukia watu wasiokuwa na nafasi ya kumjibu, na mwenyewe aliomba radhi mwaka 1996 kwa maneno yake kuhusu mashoga na UKIMWI. Mwaka huo wa 1996 naomba muukumbuke, maana nitaurudia.

Zimebaki saba. Ya saba ni 48 Hrs. ya mwaka 1982, filamu yake ya kwanza, aliyoicheza akiwa na miaka 21 tu, huku akiwa tayari ni nyota wa kipindi cha televisheni cha Saturday Night Live alichojiunga nacho mwaka 1980. Anaigiza mfungwa, Reggie Hammond, anayetolewa gerezani kwa saa 48 ili amsaidie polisi mmoja mzungu kusaka wahalifu. Tukio moja linaibeba filamu nzima: Reggie anaingia na beji ya polisi katika baa ya wazungu wapenda muziki wa kikauboi, anavurumisha glasi kwenye kioo cha ukutani, kisha anaitawala baa hiyo kwa mdomo wake peke yake. Nje ya tukio hilo kuna risasi nyingi na matusi mengi, wala sina la ziada la kusema. Ya sita ni Dolemite Is My Name ya 2019, anamoigiza mtu aliyeishi kweli, mchekeshaji Rudy Ray Moore. Mle kuna kitu ninachokipenda sana: Moore anawafuata watu wasio na makazi, akiwa na fedha na kinasa sauti, ili apate hadithi zao za kujigamba. Ni mara chache filamu kukiri hadharani kwamba mchekeshaji ni mkusanyaji wa maneno ya watu.

Ya tano ni Bowfinger ya 1999, na wengi hapa huenda hawajaiona. Murphy ni watu wawili ndani yake: Kit Ramsey, nyota mwenye hofu na wasiwasi usiokwisha, anayepigwa picha za sinema bila kujua, na Jiff, mtu mpole anayefanana naye na ambaye matarajio yake makubwa ni kutumwa kununua kahawa. Jiff anaambiwa avuke barabara kuu yenye njia nyingi huku magari yakipita kwa kasi, eti madereva wote ni wataalamu wa filamu. Anavuka akipiga mayowe, anafika ng'ambo akihema, kisha anatakiwa arudi alikotoka. Nyota anajicheka hapo kwa sura zake mbili, yule anayeogopwa na yule anayetumwa.

Nafasi ya nne naipa Beverly Hills Cop ya mwaka 1984. Hati yake ilikuwa imeandaliwa kwa ajili ya Sylvester Stallone, na baada ya yeye kujiondoa ikampata Murphy, aliyeigeuza filamu ya bastola kuwa filamu ya maneno. Axel Foley, polisi wa Detroit mwenye fulana iliyochakaa, anaingia katika hoteli ya kifahari isiyo na nafasi, anajidai mwandishi wa jarida aliyekuja kumhoji Michael Jackson, na kwa sauti iliyopandishwa kidogo tu kupita adabu anapata chumba kikubwa kwa bei ya chumba cha mtu mmoja. Lakini angalieni anavyowatendea wale polisi wawili wanaomfuatilia. Anawaagizia chakula cha jioni wakiwa ndani ya gari lao, kisha, wakati chakula kinawashughulisha, anatia ndizi kwenye bomba la moshi. Huo ni utani kamili, kwa sababu amewalisha kabla ya kuwacheka, na kabla filamu haijaisha wamekuwa watu wake.

Ya tatu ni Trading Places ya mwaka 1983, iliyoongozwa na John Landis. Ndugu wawili matajiri wa Philadelphia, Randolph na Mortimer Duke, wanawekeana dau: je, mtu hufanywa na damu yake au na mazingira yake? Wanamshusha meneja wao mzungu hadi mtaani, na kumpandisha ombaomba mweusi, Billy Ray Valentine, hadi kwenye kiti cha meneja huyo. Murphy akiwa chooni anawasikia wazee hao wakilipana dau, na dau lenyewe ni dola moja. Uso wake pale hauna kichekesho chochote. Macho tu yanatulia, nasi tunajua kwamba zamu ya kujibu imekaribia. Jibu linatolewa katika soko la mikataba ya juisi ya machungwa, kwa kutumia taarifa ya serikali ya mavuno kabla haijatangazwa, na utapeli huo ulieleweka vizuri kiasi kwamba kifungu cha sheria ya fedha ya Marekani ya mwaka 2010, kinachokataza kufanya biashara kwa taarifa za serikali zilizopatikana kwa njia zisizo halali, kimebaki kikiitwa Kanuni ya Eddie Murphy. Ningeiweka juu zaidi kama si lile tukio la ndani ya treni, ambapo Murphy anajifanya mwanafunzi kutoka Kamerun na mwenzake mzungu, yule meneja aliyeshushwa, amejipaka rangi nyeusi. Mkamerun hayupo kujibu.

Sasa nimefika kwa Coming to America ya 1988, naomba mnivumilie. Nimeiweka ya pili. Mwana wa mfalme wa Zamunda, Akeem, amechoka kuoshwa na kuvalishwa, anakwenda Queens, New York, kutafuta mke atakayempenda bila kujua utajiri wake, na anajikuta akipiga deki katika mgahawa wa baga. Filamu za awali zilikuwa za mtu asiye na kitu anayeingia mahali pasipo pake akapatawala kwa mdomo. Hii imelipindua jambo hilo, kwa kuwa mwenye kila kitu anaamua kuwa si kitu, na mdomo wake ni wa adabu mno hadi matusi ya majirani anayajibu kwa furaha. Na wale ndugu wa Duke wamo, sasa wakiwa ombaomba kando ya barabara, na Akeem anawapa mfuko wa karatasi wenye fedha bila kujua ni akina nani.

Lakini kiini cha filamu hii ni saluni. Wazee wa kinyozi wanabishana kuhusu mabondia, na anapotajwa Rocky Marciano aliyempiga Joe Louis, kinyozi Clarence anawaka: Louis alikuwa mzee siku hiyo! Mwaka 1951, usiku wa pambano lenyewe, Louis alikuwa na miaka 37. Katika saluni hiyo umri wake unaanzia 75, kisha, kwa ushahidi unaodaiwa kutoka kwa mwimbaji Frank Sinatra aliyewahi kukaa kwenye kiti kilekile, unafika 137. Ni kijiwe kamili, kama kile cha kahawa na bao mnachokijua, ambapo anayeshinda hoja ni yule atakayetaja takwimu kubwa bila kupepesa macho. Clarence ni Murphy. Mzee mzungu wa Kiyahudi anayempinga, Saul, naye ni Murphy, chini ya sura bandia iliyotengenezwa na Rick Baker, na miongoni mwetu hakuna aliyemtambua bandani. Tulijua mwishoni majina yalipopita, na palitokea ubishi mkubwa kuliko ule wa saluni. Kila mtu mle anatania na anataniwa, na hakuna neno lisilojibiwa.

Kwa nini basi si ya kwanza? Kwa sababu ya binti aitwaye Imani. Jina lake ni letu kwa maana na kwa matamshi, na kazi yake katika filamu ni kuambiwa aruke kwa mguu mmoja huku akibweka kama mbwa, naye anatii, kisha anasahauliwa. Zamunda yenyewe naweza kuivumilia. Mfalme na malkia wake, James Earl Jones na Madge Sinclair, wana heshima ya kutosha, na mwaka 1994 walirudi pamoja kutoa sauti za Mufasa na Sarabi katika filamu ya simba iliyojaa majina ya Kiswahili. Ila Imani anabweka na hapewi zamu yake, na kadiri ninavyozeeka ndivyo kicheko changu hapo kinavyopungua.

Ya kwanza, basi, ni The Nutty Professor, ya mwaka 1996, na nasikia tayari minong'ono kutoka safu za nyuma. Nakiri kwamba ina mizaha ya kujamba kupita kiasi. Lakini profesa Sherman Klump, mnene, mwenye haya, anamtoa Carla, mwanamke anayempenda, kwa chakula cha usiku katika klabu yenye mchekeshaji, na mchekeshaji huyo, anayeigizwa na Dave Chappelle, anamwona, anamgeukia, na kuanza kuukejeli mwili wake mbele ya watu wote. Mtazameni Murphy usoni. Mwanzoni Sherman anatabasamu, kama mtu anayejitahidi kuonesha kwamba anajua mzaha. Kisha tabasamu linabaki pale lilipo wakati macho yameshaondoka. Huyu ni mtu aliyepata jina lake akiwa upande wa pili, na kipaza sauti mkononi, na sasa, katika mwaka uleule alioomba radhi, amekaa kwenye kiti cha anayechekwa.

Sherman anajibu vibaya. Anakunywa dawa aliyoitengeneza, anageuka kuwa Buddy Love, mwembamba na mkatili, anarudi katika klabu ileile na kumdhalilisha mchekeshaji kwa namna ambayo inatufurahisha na kututia aibu kwa pamoja. Buddy Love, ukimtazama vizuri, ni kijana wa Raw. Ndiyo maana nasema filamu hii imewazidi ndugu zake: kejeli imepewa mwili na jina, na mwishoni Sherman anapambana nayo ndani ya ngozi yake mwenyewe, mbele ya wageni, mpaka inamtoka. Linganisheni na Norbit ya mwaka 2007, ambamo tena Murphy amevaa mwili mkubwa, wa mwanamke aitwaye Rasputia. Ustadi wa sura bandia ni wa Baker yuleyule, aliyepata Oscar kwa The Nutty Professor, lakini Rasputia hana hata dakika moja ya kutuambia inakuwaje kuwa yeye.

Na ipo ile meza ya chakula ya akina Klump. Baba, mama, bibi, kaka na Sherman mwenyewe, wote ni Murphy, na ukimwondoa mtoto wa kaka hakuna mtu mwingine mezani. Maana yake ni kwamba kila sentensi aliigiza akiwa amekielekea kiti ambacho hakikuwa na anayemjibu, akikumbuka atakavyojijibu siku nyingine akiwa amevaa uso mwingine. Bado bibi anamkatiza baba kwa wakati wake, mama anamtetea mwanawe kabla hujajua ametukanwa, na yote yanakwenda kwa kasi ya familia iliyokwisha kuzoeana.

Katika banda letu filamu hiyo ilifika kwa kuchelewa, lakini mkalimani alikuwa yuleyule. Alizoea kuwasemea wote kwa sauti moja. Meza ile ilipoanza alijaribu kubadilisha, akaibana sauti kwa ajili ya bibi, akaifanya nzito kwa ajili ya baba, akachanganya, akamfanya mama aseme ya kaka. Watu wa benchi la mbele wakaanza kumrekebisha, kila mmoja akamchukua mtu wake, na mzee mmoja muuza mkaa akamshikilia bibi mpaka mwisho wa chakula, kwa Kizaramo.