Mkulima Asiyeweza Kukataa Bei

ATHMANI: Hamjambo wasikilizaji wetu, na karibuni katika kipindi chetu kutoka Mombasa. Mimi ni Athmani, na niko pamoja na Bi. Mwanaisha. Leo tunazungumzia chakula katika nchi zilizofuata siasa ya ujamaa. Kwa nini serikali zilizoapa kumtetea mkulima ziliishia kuwa na maghala matupu na foleni ndefu madukani?

MWANAISHA: Ahsante, Bwana Athmani. Jibu linalotolewa haraka ni kwamba binadamu hapendi kulima shamba la pamoja, nami siliridhii hata kidogo. Mkoani Ruvuma, kusini mwa Tanzania, palikuwa na vijiji kama Litowa ambavyo wanavijiji wenyewe walivianzisha kwa hiari mwanzoni mwa miaka ya 1960, wakalima pamoja na kuamua mambo yao katika mikutano yao. Umoja wa vijiji hivyo ulivunjwa na chama tawala cha TANU mwaka 1969, miaka miwili tu baada ya Azimio la Arusha, lililotangaza ujamaa kuwa siasa ya nchi. Kisha, Novemba 1973, Mwalimu Nyerere akatangaza kwamba kuhamia vijijini sasa ni amri, na kwamba kazi hiyo imalizike kabla ya mwaka 1976 kwisha. Hiari ilipoondoka, kilichobaki kilikuwa jina.

ATHMANI: Lakini tuwe waadilifu, dada yangu. Miaka ya 1973 na 1974 ilikuwa ya ukame, na bei ya mafuta duniani ilipanda ghafla. Hatuwezi kuibebesha Operesheni Vijiji, yaani uhamishaji huo wa lazima, lawama yote ya njaa.

MWANAISHA: Ni kweli, na ukame ungeleta upungufu hata bila operesheni. Hata hivyo, familia iliyohamishwa iliacha udongo iliyoujua, ikapelekwa mahali ambapo shamba liko mbali na nyumba, na pengine haya yalitokea wakati wa kutayarisha mashamba. Serikali ililazimika kununua nafaka nje kwa wingi hadi akiba yake ya fedha za kigeni ikakaribia kwisha. Halafu mwaka 1976 vyama vya ushirika vikafutwa, kazi ya kununua mazao ikawa ya mashirika ya umma, na mahindi yakawa ya Shirika la Usagishaji la Taifa. Hapa ndipo penye kiini cha neno langu: mkulima alibakiwa na mnunuzi mmoja halali, naye alipanga bei na siku ya kulipa.

ATHMANI: Nami nitaitetea bei hiyo moja kwa nchi nzima. Mkulima wa Rukwa au Songea, ambaye lori lilikuwa likimfikia kwa taabu, alilipwa sawa na aliyekaa karibu na Dar es Salaam. Kwa sera hiyo mahindi yakawa zao la biashara katika Nyanda za Juu Kusini, na mikoa hiyo ndiyo iliyokuja kulisha Dar es Salaam. Hakuna mfanyabiashara ambaye angefanya hivyo kwa huruma yake.

MWANAISHA: Naliheshimu jambo hilo. Ila gharama ya kusafirisha mahindi hayo ililiangukia shirika, huku sembe ikiuzwa mjini kwa bei ya chini iliyofidiwa na ruzuku hadi mwaka 1984. Shirika likazama katika madeni, malipo ya wakulima yakachelewa, na aliyeishi karibu na mpaka akauza kwa magendo. Sisi wa Pwani tunaijua biashara hiyo: mpaka wa Kenya na Tanzania ulifungwa mwaka 1977 hadi 1983, lakini bidhaa hazikuacha kuvuka.

ATHMANI: Je, kwa Wasovieti ilikuwa hivyohivyo?

MWANAISHA: Kwao ilikuwa na ukatili wa kiwango kingine kabisa, na sitaki tuyaweke mambo hayo katika mizani moja. Kuanzia 1929 kiongozi wao, Stalin, aliwaingiza wakulima kwa nguvu katika mashamba ya pamoja, na nafaka ikachukuliwa kutimiza malengo ya serikali, nyingine ikauzwa nje ya nchi, wakati watu wakifa kwa njaa. Katika miaka ya 1932 na 1933 mamilioni walikufa, hasa Ukraine na Kazakhstan. Sheria ya Agosti 1932 iliruhusu mtu kufungwa miaka 10, au kuuawa, kwa kuiba mali ya shamba la pamoja, na watu waliadhibiwa hata kwa kuokota masuke yaliyosalia baada ya mavuno. Miongo kadhaa baadaye, vishamba vidogo vya familia, vilivyokuwa takriban asilimia 3 ya ardhi iliyolimwa, vilitoa karibu robo ya mazao yote ya kilimo. Na kwa kuwa bei ya mkate ilikuwa imegandishwa chini ya gharama yake, wapo wafugaji waliowalisha mifugo mkate. Nchi yenye ardhi pana kuliko zote ikaanza kununua ngano nyingi kwa mabepari, Kanada mwaka 1963 na Marekani mwaka 1972.

ATHMANI: Lakini China na Vietnam hazikuacha kujiita nchi za kijamaa, nazo zilijirekebisha.

MWANAISHA: Naam, na zinaniunga mkono. Nchini China, baada ya njaa kubwa ya 1959 hadi 1961, kaya 18 za kijiji cha Xiaogang mkoani Anhui zilikubaliana kwa siri mwaka 1978 kugawana mashamba, kila moja itoe sehemu ya serikali na ibaki na ziada. Serikali ilipouruhusu mpango wa namna hiyo nchini kote, mavuno ya nafaka yalipanda kutoka takriban tani milioni 305 mwaka 1978 hadi milioni 407 mwaka 1984. Vietnam ilizipa kaya mashamba mwaka 1988, na mwaka uliofuata ikawa inauza mchele nje. Katika nchi zote mbili ardhi haikugeuzwa kuwa mali ya mtu binafsi. Kilichobadilika ni nani mwenye haki juu ya ziada.

ATHMANI: Basi sisi Wakenya tusijitoe. Hatukuwa na vijiji vya ujamaa, lakini hadi mwaka 1993 mahindi hayakuweza kusafirishwa kwa wingi kutoka wilaya hadi wilaya bila kibali. Trans Nzoia ilikuwa na ziada, nasi Kwale na Kilifi tulikuwa na upungufu, na kati yetu palikuwa na vizuizi vya barabarani. Lakini mvua ikikosekana Tana River, ni nani atakayepeleka chakula kwa watu wasio na fedha, ikiwa si serikali yenye ghala?

MWANAISHA: Ghala la taifa ni la lazima, kaka yangu, na sitalipinga. Ninachodai ni serikali inunue kwa bei ambayo mkulima anaweza kuikataa. Tanzania ya leo ina wakala wa hifadhi ya chakula unaonunua sokoni pamoja na wafanyabiashara, na hilo ni jema. Lakini mwaka 2011, na tena 2017, serikali ilipiga marufuku kuuza mahindi nje ya nchi, na mkulima wa Rukwa mwenye magunia ya ziada akabaki tena na wanunuzi wa ndani peke yao.