Keki ya stroberi freshi ya tabaka moja (zikaushe kwanza, nakuomba!)

Haya jamani karibuni tena jikoni, leo tunaoka keki ya stroberi, ile ya tabaka moja tu, haina krimu ya kupamba wala maringo yoyote, hii unaipika hata ukiwa bado na nguo za kulalia. Anayeshika kamera leo ni mdogo wangu, kwa hiyo mkiona picha inayumba mjue ni njaa yake hiyo, mi simo.

Vitu vyenyewe navitaja haraka, ukishindwa kuandika rudisha video nyuma. Unga wa ngano gramu 200, beking pauda vijiko vya chai 2, chumvi robo kijiko cha chai, siagi gramu 115, sukari gramu 150, mayai 2, yogati isiyo na ladha mililita 120, vanila kijiko cha chai 1, ganda la limao moja umelikwaruza, na stroberi gramu 400. Halafu sukari nyingine kijiko kikubwa 1 ya kunyunyiza juu, hiyo iweke pembeni kabisa usije ukaisahau humo ndani. Siagi, mayai na yogati vitoe kwenye friji kama saa nzima kabla. Najua kuna mtu ataniuliza vikombe ni vingapi... tumia mizani mpenzi, kikombe changu na chako si ndugu.

Tini yangu ni ya sentimita 23, ile inayofunguka pembeni kwa klipu, unaiona hii, tak! Na ndiyo, naziuza, sifichi, anayetaka anitumie ujumbe. Lakini kama hununui kwangu usiache kuoka kwa hasira, tini yoyote ya duara ya upana huo inafaa, we tandika tu karatasi ya kuokea ipande mpaka nje pembeni ili uivute keki kwa juu, maana hii keki haipinduliwi. Ukiipindua stroberi zote zinabaki kwenye sahani na wewe unabaki na keki yenye mashimo.

Washa oveni nyuzi 180, moto wa juu na wa chini. Yenye feni weka 160.

Sasa stroberi. Hapa usinirukie video, hata kama umeoka keki mia moja maishani mwako kaa hapa hapa.

Kwanza za kununua. Chagua zilizoiva nyekundu mpaka juu kwenye majani, usiseme nitanunua hizi nyeupe-nyeupe ziive nyumbani, siyo ndizi hizi, stroberi ikishachumwa haiivi tena, rangi inaweza kukolea kidogo lakini utamu hauongezeki. Nusa. Isiyonukia haina ladha, hata iwe kubwa kama ngumi.

Za kuosha: osha na majani yake, juu juu kwenye chungio, maji yanapita, basi. Usizilowekе kwenye beseni na usitoe kikonyo kwanza, ukikitoa pale pamebaki tundu na tundu linakunywa maji. Halafu zitandaze kwenye kitambaa kisafi, zisipandane, zifute moja moja. Ndiyo, moja moja! Mdogo wangu hapa anacheka, anasema dada unazifuta kama vyombo vya wageni. Acha acheke.

Ngoja niwaambie kwanini nina kichaa na hili. Kuna siku shangazi yangu alikuwa na sherehe, nikasema mi ndo nitaleta keki, na nikajiona mjanja, usiku nikakata stroberi zote nikazimwagia sukari nikaweka friji ili asubuhi nisisumbuke. Asubuhi nafungua bakuli limejaa maji mekundu. Mtu mwenye akili angeyatoa. Mimi nikasema juisi tamu hivi nimwage, dhambi hiyo, nikamimina yote kwenye rojo la keki! Nikaoka saa nzima, nikaoka saa na nusu, juu imeanza kuungua katikati bado inacheza, nikajidanganya kwamba ikipoa itakaza. Haikukaza. Kisu kimeingia mbele ya watu, ikatoka kama uji wa waridi, inatembea kwenye sahani. Shangazi kaniangalia, akauliza taratibu tu, "Mwanangu, tulete sahani au vikombe?"

Kwa hiyo nikisema kausha, kausha. Stroberi ni maji matupu, kama asilimia 90 ya uzito wake ni maji, yaani kwenye hizi gramu 400 una karibu gramu 360 za maji, hiyo ni glasi na nusu, unaingiza glasi na nusu ya maji kwenye keki ya unga gramu 200! Na sukari ikigusa stroberi iliyokatwa inayavuta nje. Hatuwezi kuyatoa yaliyo ndani, lakini haya ya kuoshea tunayaweza, na sukari tunaweza kuichelewesha. Sukari kwenye stroberi ni dakika ya mwisho kabisa, tini ikiwa inaelekea oveni. Siyo usiku, siyo asubuhi, siyo nusu saa kabla.

Haya toa majani, kata katikati kwa urefu, kubwa sana kata mara nne. Zilaze kwenye karatasi ya jikoni, upande uliokatwa uangalie chini. Sogeza kamera hapa. Karibu zaidi. Mnaona kila moja imeacha alama kama muhuri mwekundu? Hayo ndo maji ninayoyasema, na hapo tayari nilishazifuta. Ziache hapo wakati unafanya mengine.

Mdogo wangu anauliza hizi mbegu za nje hatuzitoi. Hatuzitoi, na tena siyo mbegu tu, kitaalamu kila kadoti hapo ndo tunda lenyewe, kana mbegu ndani yake, hii nyama nyekundu tunayoipenda ni kitako cha ua kilichovimba. Ameacha kutafuna. Endelea tu kutafuna, haidhuru.

Siagi na sukari piga mpaka viwe vyeupe na laini... samahani, hapa kuna kipande hamtakiona, simu ilijaa, tumekuja kugundua mashine nimeshaizima na nilikuwa nimeongea vizuri kweli. Kwa kifupi: siagi, sukari na ganda la limao, mashine dakika 3 hadi 4, basi hujakosa kitu. Huna mashine, mwiko na mkono, dakika 7 hivi, utapata na mazoezi.

Yai la kwanza, piga liingie. Yai la pili, piga liingie. Vanila. Ukiona mchanganyiko umekatika kama maziwa yaliyoganda usimpigie mtu simu, ni yai lilikuwa baridi tu, weka kijiko kimoja cha unga piga tena litarudi.

Unga, beking pauda na chumvi vichekeche pamoja. Weka nusu ya unga, changanya kwa mwiko, weka yogati yote, changanya, malizia unga. Ukiona huoni unga mkavu ACHA. Usiendelee kukoroga kwa sababu unasikiliza stori zangu, ukikoroga sana unga wa ngano unaanza kuvutana na keki inatoka ya kutafuna kama raba.

Rojo liwe zito. Angalia, nainua mwiko, halimiminiki, linaning'inia kwanza linasitasita ndo linadondoka, pwa. Wengi wakiona hivi wanaogopa wanaongeza maziwa. Usiongeze! Maji yanakuja yenyewe, si nshawaambia yapo glasi na nusu yanasubiri hapo kwenye karatasi. Rojo jepesi pia stroberi zinazama mpaka chini, unapata keki kavu juu na matope chini.

Limwage kwenye tini, lisawazishe, pembeni liwe juu kidogo kuliko katikati.

Sasa naenda kuchukua stroberi na... hizi si zote. Jamani hizi si zote. Weka kamera chini. Hapana, usiweke chini, elekeza kwenye mizani watu waone. Gramu 310! Gramu 90 zimekwenda wapi? Haya, sawa, na mtu huyu ndo alikuwa anacheka. Bahati yetu hii keki inavumilia, 300 inatosha, 400 ndo tamu zaidi, ukizidisha ukafika 500 unarudi kule kwa shangazi.

Zipange juu, anza pembeni kuzunguka mpaka katikati. Usizidumbukize, zilaze tu kama zimepumzika, rojo likivimba litazikumbatia lenyewe. Upande uliokatwa mimi naweka juu. Kuna watu wanaweka chini kwa ajili ya urembo, inapendeza kweli, ila nimejaribu zote mbili na ukiweka juu mvuke unapata njia ya kutokea, na pale palipokatwa panakauka panakuwa kama jemu, nzito, inang'ata ulimi kidogo. Katikati usizirundike, katikati ndo panachelewa kuiva. Zibanane pembeni, katikati ziachiane.

Sasa, SASA ndo sukari ile ya kijiko kikubwa, nyunyiza juu yote, na moja kwa moja oveni, rafu ya katikati. Simu ikiita iache iite.

Dakika 45 hadi 55. Kabla ya dakika 35 usifungue mlango, unapotoa joto keki inakaa chini. Mimi sa hivi nafungua ni ya 40... dada kamera! Anasema lensi imeingia mvuke, haoni kitu, mnaona ukungu tu. Futa na shati. Siyo na vidole, vina sukari. Haya mnaona? Imepanda kati ya stroberi, pembeni imeshakuwa ya dhahabu, katikati bado imepauka na nikitikisa tini inacheza kidogo. Haijaiva. Kama yako juu inawahi kuwa kahawia, funika na foili bila kuibana na iendelee.

Dakika ya 52 sasa. Kijiti. Hapa pia watu wanadanganyika, wanachoma kwenye stroberi, kinatoka kimelowa, wanarudisha keki dakika 15 nyingine inakauka kama mbao. Choma katikati, lakini kwenye keki, sehemu isiyo na tunda. Kikitoka na kitu chekundu cha kunata hiyo ni juisi, iko sawa. Kikitoka na rojo jeupe hiyo mbichi, rudisha dakika 5. Changu hiki hapa, kina chembe mbili tatu tu kavu. Tayari.

Ikae kwenye tini dakika 20 juu ya waya, hewa ipite chini. Stroberi zikitoka oveni zinashika moto kuliko keki yenyewe, mimi niliunguza ulimi mwaka juzi na sikujifunza, mwaka jana nikaunguza tena. Halafu pitisha kisu chembamba pembeni kuzunguka, maana sukari iliyoyeyuka inagundisha, ndo ufungue klipu. Usifungue kwanza ukapitisha kisu baadaye, ukuta unaondoka na kipande. Tak. Ona hiyo!

Nakata. Kisu cha meno, kama unakata kwa msumeno, usikandamize. Sogea tena hapa mdogo wangu, chukua ndani: ona keki imejaa vitundu vidogo, na kuzunguka kila stroberi kuna kamstari ka waridi, upana wa kucha hivi, hapo ndo juisi ilipoishia. Kamstari hako tu. Ile ya shangazi ilikuwa yote kamstari.

Mimi naila yenyewe, ikiwa vuguvugu. Mwenye kutaka krimu aweke pembeni, siyo juu, inayeyuka. Leo ndo tamu zaidi, ule ukoko wa sukari wa juu bado unalia kwenye meno. Kesho utakuwa umelainika, ladha iko palepale. Usiku ifunike kwa kitambaa au foili iliyolegea, ukiifungia kwenye chombo kisichopitisha hewa inajitolea jasho, na kama itapita kesho iingie friji. Na za kugandishwa msitumie kwa hii, zikiyeyuka zinaachia maji yote kwa mpigo, za kugandishwa zina keki yake nitawafundisha siku nyingine.

We, lete hiyo kamera, na weka chini hicho kipande cha pili, cha kwanza bado kiko mdomoni.