Jina Limeitwa Mara Tatu, Mdai Yuko Kwenye Chai

NEEMA: Kaka Juma, ile habari ya shangazi yako uliniachia nusu. Mahakamani kulikuwaje?

JUMA: (anacheka) Shangazi anadai milioni 70 za mzigo wa mchele, mahakama ya wilaya moja hapa Dar. Siku ya kusikilizwa kafika saa mbili asubuhi. Mlinzi anamwambia bado hawajaanza, naye kavuka barabara kwenda kwa mama lishe. Huku nyuma karani katoka mlangoni, kaita jina mara tatu, kimya. Mdaiwa yumo ndani na wakili wake. Shangazi anarudi, shauri limefutwa.

NEEMA: Kwa chai!

JUMA: Na chapati mbili.

NEEMA: Kwa hiyo deni limekufa?

JUMA: Hapo ndipo wengi wanapochanganya. Hakimu hakuligusa deni. Amri ya 9 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai iko hivi: mdaiwa yupo, mdai hayupo, na mdaiwa hakubali deni, basi shauri linafutwa.

NEEMA: Si afungue jingine?

JUMA: Hawezi. Wangekosekana wote wawili, angeweza, kama muda wa ukomo, yaani muda wa mwisho wa kufungua shauri, haujapita. Lakini mwenzake alikuwepo. Kilichobaki ni kuomba mahakama ileile iiondoe amri yake na kulirudisha shauri, ndani ya siku 30. Zikipita, unaanza kuomba kuongezewa muda, ndipo uombe hilo lenyewe.

NEEMA: Na mdaiwa ndiye angekosekana?

JUMA: Linasikilizwa upande mmoja. Mdai bado anatakiwa kuthibitisha, hapewi bure.

NEEMA: Mimi niliwahi kusikia siku ya kutajwa, ile ya kupanga tu hatua inayofuata, shauri halifutwi.

JUMA: Kweli, na ni hoja nzito. Likifutwa kwa mdai kutofika siku iliyopangwa kutajwa tu, hiyo amri ina kasoro. Tukakimbilia mwenendo wa shauri, yaani kumbukumbu za mahakama, kuangalia siku ile ilipangwa kwa nini. Imeandikwa "kusikilizwa", tena kwa mwandiko unaosomeka, bahati mbaya yetu.

NEEMA: Sasa chai unaiwekaje kwenye kiapo, yale maelezo ya maandishi ya kuunga mkono maombi?

JUMA: Wakili akasema, ukimtaja mlinzi, mlinzi naye aape, la sivyo ni maneno ya kusikia tu. Mlinzi kagoma, anaogopa kibarua chake.

NEEMA: Angesema aliumwa.

JUMA: Wataulizia karatasi ya hospitali ya siku ileile. Halafu shangazi hadanganyi, hata umlipe. Mwisho aliyekubali kuapa ni mama lishe: "Huyu mama alikuwa kwenye benchi langu tangu saa mbili, mlango wa mahakama tunauona, na mlinzi alimwambia bado hawajaanza, mimi mwenyewe nikisikia."

NEEMA: Eeh, huyo kaokoa jahazi!

JUMA: Bado. Maombi yanasikilizwa Jumanne, na upande wa pili wanapinga kwa nguvu zote. Shangazi kaniambia saa moja na nusu nimkute mlangoni kabisa, na chupa ya chai nibebe mimi.