Kufuatilia Kitambulisho cha Taifa Ukiwa Mtu wa Ziwani

(Mazungumzo na wachuuzi wa dagaa na wavuvi, Mwaloni Kirumba, Mwanza)

Mwangaluka, wazazi wangu. Mwangaluka, vijana. Nashukuru mmekubali kukaa wakati mizigo ya Ukerewe bado inashushwa, na najua kuna mama hapa ameacha dagaa juani na jicho lake moja liko huko. Sitawachelewesha.

Nimeitwa kwa sababu ya jambo moja. Mtu anabonyeza simu kutafuta namba yake ya kitambulisho cha taifa, anaingiza majina yake, kioo kinamjibu kwamba taarifa zake hazijapatikana. Anakuja kwa jirani amekunja uso: wameninyima, wanasema mimi si Mtanzania. Hapana. Jibu lile halikusema hivyo. Mimi si mtumishi wa Mamlaka ya Vitambulisho vya Taifa, yaani NIDA, ni msaidizi wa kisheria tu, na siwezi kuisemea. Lakini nimekaa na fomu za watu wengi, na ninachokiona ni kwamba wengi wanaoambiwa hawapo, wapo. Wapo kwa jina jingine.

Kabla ya hapo, tuelewane kwanza tunatafuta nini. Mtu akiniuliza "mwanangu, NIDA yangu imetoka?" namrudishia: namba au kadi? Ni vitu viwili na havitoki siku moja. Mamlaka ilianzishwa mwaka 2008, kadi za kwanza zikatolewa Februari 2013, na kwa miaka kadhaa hapa mwaloni hakuna aliyekuwa na haraka. Haraka ilikuja na laini za simu. Mei 2019 usajili wa laini kwa alama za vidole ukaanza nchi nzima, Januari 20, 2020 laini zisizosajiliwa zikaanza kuzimwa. Mnakumbuka foleni zile. Watu walihitaji namba ili simu isife, pesa iliyomo ndani isikwame, na namba zikatolewa kwanza, kadi zikafuata nyuma kwa mwendo wake. Ndiyo maana hapa wapo watu wenye namba kwa miaka na kadi hawajawahi kuishika.

Namba ina tarakimu 20. Nane za mwanzo ni tarehe yako ya kuzaliwa, mwaka ukitangulia, kisha mwezi, kisha siku. Ukipewa namba, usiikunje na kuiweka mfukoni. Zisome zile nane palepale. Kama ulizaliwa 1987 na namba inaanza na 1978, umelijua kosa mapema kabla halijaingia benki, kwenye TIN, ile namba ya mlipakodi, na kwenye pasipoti.

Kuitafuta si kazi ngumu. Unapiga *152*00#, ile huduma ya serikali kwenye simu, haihitaji bando wala simu kubwa. Unafuata palipoandikwa utambuzi, unachagua NIDA. Mwenye intaneti anaingia kwenye tovuti ya Mamlaka. Kote utaulizwa mambo yaleyale: jina lako la kwanza, jina la mwisho, tarehe ya kuzaliwa, na majina ya mama yako. Hapo kwa mama ndipo watu wa kanda hii tunapokwama, na hapo naomba nikae kidogo.

Mama yako anaitwa nani? (Kicheko.) Mnacheka, lakini jaribuni kujibu kwa maandishi. Nyumbani anaitwa Mama Shija. Kwa babu zako anaitwa Nkwimba. Kanisani alibatizwa Regina. Kwenye kadi ya kliniki nesi aliandika Mkwimba, kwa sababu nesi alitoka mkoa mwingine na masikio yake hayakumpa Nk. Baba yako, aliyekwenda kuandikisha cheti chako, alitamka Lejina, na karani akaandika alichosikia. Sisi Wasukuma na R tunajuana wenyewe. Sasa wewe mwaka ule ulipojaza fomu, uliandika lipi kati ya hayo? Mfumo hauna shangazi wa kuuliza. Unalinganisha herufi ulizoingiza leo na herufi zilizoingizwa siku ile, zikitofautiana unakwambia hakuna.

Kuna majina yenye ng' ndani yake: Ng'wandu, Ng'wigulu. Wapo waliowekewa ile alama ya juu, wapo waliokosa, na wapo walioandikwa Mwandu moja kwa moja. Kuna Veronica wa c na Veronika wa k. Kuna ndugu zetu wa Ukerewe na Ukara ambao jina la ukoo limeandikwa kwa namna moja kwa kaka na kwa namna nyingine kwa dada, baba mmoja, mama mmoja. Kwa hiyo kabla ya kukata tamaa jaribu maandishi yote unayoyakumbuka. Anza na lile lililo kwenye karatasi uliyoambatisha. Kama uliambatisha cheti cha kuzaliwa, jina la mama lililomo humo ndilo lenye nafasi kubwa. Kama ulipeleka cheti cha darasa la saba tu, basi majina yako ni ya cheti hicho, lakini ya mama ulijaza mwenyewe, au alikujazia kijana wa steshenari. Mtafute huyo kijana!

Mapacha nao. Kulwa na Doto wana tarehe moja, jina moja la baba, mama mmoja, na tarakimu nane za mwanzo zilezile. Kinachowatenganisha kwenye kutafuta ni jina la kwanza peke yake. Nimekuta familia ambayo watoto wanaitwa Kulwa na Doto mtaa mzima, cheti kinasema Petro na Paulo, na fomu ya mmoja imejazwa Kulwa, ya mwenzake Paulo. Huyo wa pili akipigiwa simu na mtendaji kwa jina la Paulo, nyumbani wanasema hatumjui.

Wazee wanaojua mwaka tu bila siku, hapo lipo jingine. Karani hawezi kuacha nafasi wazi, kwa hiyo huenda iliwekwa Januari 1 au Julai 1. Ijaribu.

Ukishajaribu yote hayo na bado hakuna kitu, basi maombi yako bado yapo njiani au yamekwama mahali, na simu haitakwambia ni wapi. Hapo ni lazima kwenda ofisi ya wilaya. Ila ujue unakwenda kuuliza nini. Fomu inaanza mtaani au kijijini, mwenyekiti na mtendaji wanathibitisha kwamba wanakufahamu, wanagonga mhuri. Siku hizi unaweza kuijaza kwenye mtandao wa Mamlaka, ukaichapa, lakini mhuri wa mtaa hauukwepi. Kisha wilayani wanachukua picha, saini na alama za vidole. Kisha uhakiki, na Uhamiaji wanahusika kwa sababu ya uraia. Mtu aliyeacha fomu kwa mtendaji akaondoka bila kupigwa picha, huyo hajasajiliwa. Narudia kwa wale wa nyuma: kama hujaweka vidole kwenye mashine ya usajili, hakuna cha kufuatilia. Vidole ulivyoweka kwa wakala wa laini ni mambo mengine.

Uhakiki unaweza kuchukua muda kwa watu wa visiwani, na sababu yake inaeleweka hata kama inauma. Ziwa ni la nchi tatu. Kambi moja ya dagaa ina Mkerewe, Mjita, Mhaya, na jamaa aliyevuka kutoka Uganda au Kenya akaoa hapa. Ukiulizwa baba yako alizaliwa wapi, usichukulie kwamba unatukanwa. Peleka kitambulisho cha mzazi kama anacho, au namba yake. Karatasi ya mzazi inafupisha maneno mengi. Ninachokilalamikia mimi ni kwamba mwombaji haambiwi kwamba fomu yake inasubiri karatasi fulani. Anabaki anabonyeza simu kila wiki kumbe kuna mtu anasubiri cheti tu. Kwa hiyo swali lako dirishani lisiwe "imetoka?" Uliza: "fomu yangu iko hatua gani, na kuna kinachopungua?" Uliza hivyo kwa adabu, usiondoke bila jibu.

Halafu kuna wilaya. Mkoa huu una Nyamagana, Ilemela, Magu, Kwimba, Misungwi, Sengerema na Ukerewe. Ulijisajili wapi? Mvuvi alikuwa kambini kisiwa cha Kome wakati wa usajili, kwa hiyo faili lake ni la Sengerema. Leo anaishi Igombe, anakwenda kuuliza kadi Ilemela, anaambiwa haipo. Haipo kweli! Kadi zinapelekwa wilaya ya usajili, na huko zinashushwa kwenye kata na mitaa. Inawezekana kadi yako imekaa kwenye droo ya mtendaji wa kisiwa ulichohama. Na ule ujumbe wa simu wa kukuita ukachukue kadi ulikwenda kwenye laini uliyoandika kwenye fomu, ambayo ilizama pamoja na simu siku mtumbwi ulipopigwa na wimbi, ukasajili nyingine.

Hili silisemi kwa utani. Mwanzoni mwa 2025 Mamlaka ilitangaza kwamba namba za watu waliotumiwa ujumbe wakachukue kadi na hawakwenda zitasitishwa kuanzia Mei 1 ya mwaka ule. Namba ikisitishwa, mambo yanayoitegemea yanasimama. Kina mama wa vikundi mnaosubiri mikopo ya asilimia 10 ya halmashauri mnajua namba inavyoulizwa. Kwa hiyo ukipata nafasi ya kwenda ofisini, waombe wabadilishe namba yako ya simu kwenye taarifa zako.

Nafasi hiyo utaipata lini? Vijana wa dagaa mna jibu tayari. Mbalamwezi ikiwaka taa za kuvulia dagaa hazifanyi kazi, mitumbwi inakaa, na mnazunguka tu hapa mkicheza drafti. Siku hizo ndizo za kwenda Nansio kule Ukerewe, au Sengerema. Daraja la Kigongo–Busisi lilifunguliwa Juni 2025, wa Sengerema hamna tena kisingizio cha kivuko.

Kuhusu vishoka, nitasema machache. Usajili wa mara ya kwanza ni bure. Anayekwambia ana mtu ndani na anataka elfu kadhaa "kuisukuma" NIDA yako, mwulize atasukuma nini ambacho wewe mwenyewe huwezi kuuliza dirishani. Mara nyingi anabonyeza *152*00# ileile, akiwa amejificha nyuma ya kibanda, kisha anarudi na karatasi. Mbaya zaidi, sasa ana jina lako, la mama yako, tarehe yako na namba yako. Tangu Mei 2023 nchi hii ina sheria inayofanya kazi ya kulinda taarifa binafsi, lakini sheria haiwezi kukufuata kibandani ukizitoa mwenyewe. Ukishapata namba, piga *106# uone ni laini ngapi zimesajiliwa kwa kitambulisho chako. Mama mmoja wa hapa sokoni alikuta laini asiyoijua. Alikumbuka siku kijana wa mwamvuli, wakala wa kusajili laini, alipomwambia "kidole hakijashika, mama, weka tena." Ukiikuta ya namna hiyo, nenda kwenye duka la mtandao husika ikaondolewe.

Sasa maswali, nimeona mikono.

Mzee anauliza kadi yake imeandikwa tarehe ya mwisho na imepita, je, aombe upya? Hapana, mzee wangu. Ukomo uliondolewa mwaka 2023, kadi yako inaendelea kutumika.

Dada anauliza aliyepoteza kadi. Unaanza polisi kupata taarifa ya upotevu, kisha ofisi ya wilaya, na kuna ada kwa kumbukumbu ya malipo ya serikali, usimpe mtu mkononi. Namba haibadiliki, ni kadi tu inayochapwa tena.

Kijana wa nyuma, sema kwa sauti. Anauliza vidole vyake vimechubuliwa na kamba za nyavu, mashine inamkataa kwa wakala. Hili ni la wengi hapa, nyoosheni mikono nione. Wakati wa usajili walichukua vidole vyote kumi, kwa hiyo kimoja kikikataa mwambie wakala ajaribu kingine. Nenda mikono ikiwa safi na mikavu, usitoke kwenye kuvuta nyavu ukaingia moja kwa moja kwake. Vikikataa vyote, rudi ofisi ya wilaya waangalie walichokihifadhi.

Nakaa kwenye meza ile karibu na mizani mpaka saa tisa. Mwenye nakala ya fomu aje nayo. Asiye na nakala aje na cheti chochote alichonacho, na kama mama yake yupo hai, ampigie kwanza amwulize jina lake linaandikwaje.