Fumo Liyongo kwa kikaragosi: kutoka utenzi hadi filamu

Karibuni. Leo tunamchukua Fumo Liyongo, shujaa wa tenzi za Waswahili wa pwani ya Kenya, tumcheze kwa kikaragosi cha fimbo mbele ya kamera. Usihangaike na utenzi mzima. Chagua matukio mawili: kutoroka gerezani na kifo kisimani.

Anza na kichwa. Loweka magazeti, yaponde na gundi, finyanga, acha yakauke kabisa. Paka rangi isiyong'aa, la sivyo taa zitamulika usoni kama kioo. Usimchoree tabasamu wala hasira. Akiinama, kivuli kitamtia huzuni. Akiinua uso, kiburi.

Liyongo ni pande la mtu, lakini usimrefushe yeye: fupisha milango. Kamera iwe chini. Rekodi kwa fremu 48 kwa sekunde, kisha cheza kwa 24, na hatua zake zitapata uzito.

Gerezani, mama yake anamtumia mkate wa wishwa wenye tupa ndani, kifaa cha chuma cha kukerezea minyororo, mikononi mwa Saada, kijakazi. Nje watu wanacheza gungu, ngoma ya Waswahili, naye ndani anakereza minyororo. Hapa sauti ndiyo inayobeba hadithi, kwa hiyo rekodi ngoma peke yake na mkwaruzo wa tupa peke yake. Unapohariri, kila mkwaruzo uangukie chini ya mdundo. Halafu katikati zima ngoma ghafla, uache mkwaruzo mmoja usikike baada yake. Mtazamaji atashtuka kabla ya mlinzi.

Sasa jambo ambalo wengi hulipuuza: pumzi. Katika kila picha (shoti) ya filamu Liyongo akiwa hai, mchezeshaji ainue kifua kidogo na kukishusha, hata kama anayezungumza ni mwingine. Usiruke hata picha moja, kwa sababu tunamwandalia kisima. Mwanawe keshamchoma kitovuni kwa sindano ya shaba. Liyongo amepiga goti, upinde mkononi, amekufa, na watu wa mji wanaogopa kuteka maji wakidhani yu hai. Funga fimbo zote kwenye stendi, mchezeshaji atoke. Mkono wa binadamu hutetemeka, na lenzi huona. Mbele yake pitisha wachotaji wakisogea, wakirudi nyuma. Picha iwe ndefu kuliko unavyoona inafaa.

Mwisho anaanguka. Usimsukume, legeza skrubu ya stendi, uzito wake umshushe. Tandika blanketi nje ya fremu kwanza, maana kichwa cha karatasi hupasuka, na anguko la kwanza mara nyingi halipendezi.