Palipopiganwa Lakini Hapana Jiwe

Bwana Mwenyekiti, wazee wetu mliokubali kuketi nasi jioni hii, walimu wenzangu, na nyinyi vijana mnaojifunza kazi ya kuongoza wageni hapa Kisumu, nawashukuru kwa nafasi hii. Niliombwa nizungumzie ziara za vikundi vidogo katika maeneo ya vita, na aliyeniomba alidhani, wala simlaumu, kwamba ningewaeleza habari za Taveta na kilima cha Salaita, ambapo wanajeshi wa Afrika Kusini walirudishwa nyuma na Wajerumani tarehe 12 Februari 1916, katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Ziara za Taita Taveta ni nzuri, na mgeni huko huona mengi kwa macho yake. Lakini kutoka hapa hadi Taveta ni safari ndefu ya kuvuka nchi nzima, ilhali vita hivyo hivyo vilipita kwetu Nyanza kabla jina la Salaita halijasikika, tena vilianzia bandarini hapa chini. Kwa hiyo nitazungumzia njia ya huku kwetu, ambayo naipita na wageni wanane kwa wakati mmoja, na sijawahi kujutia kumkatalia wa tisa.

Tunaanzia majini, kwa sababu bila ziwa na reli habari yote hii haieleweki. Reli ya Uganda ilifika hapa, wakati huo pakiitwa Port Florence, tarehe 20 Desemba 1901. Baada ya hapo meli zilikuja zikiwa vipande ndani ya mabehewa, zikaungwa hapa ufukweni, na Winifred ni mojawapo ya hizo. Vita vilipozuka Agosti 1914, Waingereza walikuwa na bandari iliyounganishwa na bahari kwa reli, wakati Wajerumani wa ng'ambo ya pili, waliotawala Tanganyika, walitegemea Mwanza, mji ambao haukuona garimoshi hadi 1928. Askari, risasi na unga vilishushwa kutoka kwenye behewa na kupandishwa melini siku hiyo hiyo. Nikiwa gatini huwa sisemi mengi zaidi ya hayo. Nawaomba wageni wageuke wayatazame mataruma, kisha wageuke tena walitazame ziwa, nao hujijibu wenyewe kwa nini mji mdogo kama huu wa wakati ule ukawa kituo cha vita.

Kutoka hapo twaenda Kendu Bay kwa barabara ya Katito. Mapema Septemba 1914 kikosi cha Wajerumani na askari wao Waafrika kilivuka mpaka kutoka upande wa Shirati, kikaingia Karungu, kisha kikapanda hadi Kisii na kukuta maofisa wa boma wamekwisha kuondoka. Waingereza walituma Keya kutoka Kisumu. Vijana wengi mnalijua jina hilo kama jina la mtu tu. Ni herufi KAR, kifupi cha King's African Rifles, zilivyotamkwa na babu zetu, na mpaka leo mzee akikuambia kwamba baba yake alikwenda Keya, ameshakueleza miaka kadhaa ya maisha ya mtu huyo. Askari hao walishuka Kendu, wakatembea wakipanda milima, na tarehe 12 Septemba wakapigana na Wajerumani nje kidogo ya boma la Kisii. Kapteni Thorneycroft aliyewaongoza aliuawa. Usiku ule Wajerumani walirudi nyuma kuelekea mpakani, na kwa hesabu za wakubwa wa vita jambo likawa limekwisha.

Kwa wenyeji halikuisha, na hapa ndipo ninapokaa na wageni wangu kwa muda mrefu kuliko mahali pengine popote. Boma lilipoachwa wazi, watu wa vijiji vya jirani waliingia mjini wakapora maduka na nyumba za serikali. Mwongozaji mvivu husema walipora kwa sababu mlinzi hakuwapo, akapita. Lakini msikilizeni Omogusii, mwenyeji wa Kisii, aliyekua akisimuliwa habari hizi. Atakukumbusha kwamba serikali ilituma majeshi ya kuwaadhibu Abagusii mwaka 1905 na tena mwaka 1908, safari ya pili ikiwa ni baada ya Otenyo kumchoma mkuki ofisa wa wilaya, Northcote. Atakutajia Sakawa, mtabiri wao, ambaye inasemekana aliwaonyesha watu pale Getembe mambo yatakayokuja, naye alitabiri pia kwamba wazungu wangeondoka. Ukivuka upande wa Wajaluo utasikia habari za Onyango Dunde wa Alego, ambaye mwaka 1913 alieleza jinsi alivyomezwa na nyoka mkubwa wa ziwani aitwaye Mumbo na kutapikwa akiwa na ujumbe wa namna hiyo hiyo. Watu waliosikia maneno hayo, kisha wakawaona maofisa wakifunga virago na wazungu wakipigana wao kwa wao, walikuwa na sababu ya kuamini kwamba siku imefika. Serikali iliporudi ilichoma nyumba na kutwaa ng'ombe, na familia nyingi za pale zinavikumbuka vita vya 1914 kama mwaka wa ng'ombe hao kuliko kama mwaka wa kapteni yeyote.

Sasa niwaeleze kwa nini wanane. Nilipoanza kazi hii nilikubali, kwa tamaa, kikundi kilichojaza basi zima. Tulipofika kwenye miteremko ya pembezoni mwa mji wa Kisii, ambako kuna mashamba ya ndizi na nyumba za watu, tuliingia kwenye boma la mama mmoja mzee ambaye nilikuwa nimemwomba ruhusa kwa simu, lakini sikumwambia idadi. Alikuwa ameandaa viti sita na birika moja la chai. Wageni walikanyaga mboga zake, wengine wakaanza kupiga picha kaburi la mumewe wakidhani ni kaburi la askari, na yule mama, kwa adabu ambayo sitaisahau, akaingia ndani akaanza kuosha vikombe ili chai izunguke kwa zamu. Hakusema neno lolote kuhusu vita siku ile, nami sikumlaumu. Kuongoza watu katika uwanja wa vita ulio mbugani ni jambo moja; kwetu huku uwanja wa vita ni shamba la mtu, na mwenyewe yuko nyumbani. Watu wanane na mwongozaji huingia katika matatu moja, hukaa katika sebule moja, na mzee hahitaji kupaza sauti ili asikike. Tena mzee anapowatazama watu wanane anaweza kuuliza kila mmoja ametoka wapi na ni mtoto wa nani, na akishauliza hivyo ndipo naye huanza kusema.

Baada ya safari ile ndipo nilipoonyeshwa kitu ambacho nakitaja kila mara. Jaduong' mmoja, yaani mzee wa Kijaluo, karibu na Kendu, alitusikiliza kwa saa nzima bila kuchangia, kisha akatia mkono mfukoni mwa koti akatoa ganda la risasi la shaba, refu kama kidole cha shahada, lililozibwa mdomo kwa kipande cha gunzi. Ndani mlikuwa na ugoro. Shaba ilikuwa imelainika hata nambari za kitakoni zilisomeka nusu tu, na ubavuni palikuwa na kibonyeo kidogo ambacho kidole gumba chake kilikaa sawasawa, kama kimechongwa kwa ajili hiyo. Alisema alilipata kwa baba yake, aliyelipata kwa babu. Mgeni mmoja akaniuliza kama ni la Mjerumani au la Mwingereza, nami nikamwachia mzee ajibu. Mzee akasema, "Hili ni la ugoro." Tukacheka sote, naye akacheka, halafu akatueleza habari za babu yake mpagazi.

Hao wapagazi ndio sehemu nzito ya ziara hii, na ndio wasio na mahali. Nyanza ilikuwa ghala la watu. Mkuu wa jimbo hili, John Ainsworth, ndiye aliyepewa mwaka 1917 kazi ya kusimamia uandikishaji ule mkubwa wa nguvukazi ya jeshi, na vijana waliandikishwa kwa maelfu kupitia machifu, wengi wao bila kuulizwa wanataka au hawataki. Jina la kikosi chao, Carrier Corps, ndilo lililobaki katika Kariakor ya Nairobi na Kariakoo ya Dar es Salaam. Walikufa zaidi kwa maradhi kuliko kwa risasi: kuhara damu, malaria, nimonia. Unga wa mahindi uliosagwa vibaya, ukapikwa nusu nusu kwa kukosa kuni na muda, uliwaua watu waliozoea wimbi na mtama nyumbani kwao. Upande wa Waingereza pekee, wapagazi walioandikwa rasmi kuwa wamekufa ni zaidi ya 40,000, na wanahistoria wengi huona kwamba idadi ya kweli inakaribia 100,000. Mishahara ya wengi waliokufa haikulipwa kwa jamaa zao.

Wageni huniuliza makaburi yako wapi, na swali hilo lina jibu lililoandikwa. Tume ya makaburi ya vita ya Uingereza iliundwa mwaka 1917 kwa msingi kwamba kila aliyekufa akumbukwe kwa jina, bila kubagua cheo. Afrika Mashariki msingi huo uliwekwa kando: maofisa wa wakati ule waliona kwamba askari na wapagazi Waafrika hawana haja ya jiwe la mtu mmoja mmoja, na badala yake zikasimamishwa sanamu za jumla Nairobi, Mombasa na Dar es Salaam. Ile ya Nairobi ilizinduliwa mwaka 1928. Aprili 2021 tume hiyo yenyewe ilichapisha ripoti na kuomba radhi, ikikiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina au hawakukumbukwa kabisa. Kwa hiyo mgeni anaposema hakuna cha kuona, mwambieni utupu huo ulipangwa mezani na watu wenye kalamu. Mimi huisoma sehemu hiyo kwa sauti tukiwa Kendu, chini ya mti, kabla ya samaki kuletwa. Nimejifunza kwamba baada ya samaki hakuna anayesikiliza.

Bukoba nitaipitia haraka, kwa kuwa iko Tanzania na wenzetu wa huko wana haki ya kuisimulia. Inatosha kusema kwamba Juni 1915 kikosi kiliondoka hapa Kisumu kwa meli, kikashambulia mji huo tarehe 22 na 23, kikabomoa kituo cha simu ya upepo cha Wajerumani, na mji ukaporwa. Safari hiyo ya uporaji, wenye bunduki walikuwa ndio waporaji. Huwa naiweka habari hii mara tu baada ya ile ya Kisii, kisha nanyamaza, na mara nyingi mwanafunzi wa sekondari ndiye huwa wa kwanza kuuliza ni nani aliyechomewa nyumba safari hii.

Nanyi mnaoanza kazi, jilindeni na ujuzi wenu wenyewe. Kwa muda mrefu nilikuwa nikiwaonyesha watu mteremko fulani nikisema Keya walipanda kupitia hapa, nikinyoosha mkono kwa uhakika wa mtu aliyekuwapo. Siku moja kijana mchunga ng'ombe aliyekuwa amesimama nyuma yetu alimwambia mwenzake, kwa sauti ya kusikika, kwamba mwalimu anaonyesha upande ambao babu yake alisema Wajerumani walikimbilia. Ingekuwa kwenye basi nisingemsikia. Niliwaomba wageni watulie, nikamwita, tukakaa naye, na baadaye tukaenda kwa babu mwenyewe. Tangu siku hiyo nasimama mahali ambapo mteremko wote unaonekana, nawaeleza ni nani alisema nini, na mkono wangu unabaki mfukoni.

Swali la malipo limeulizwa kwenye karatasi mlizonitumia, nami nalijibu waziwazi: mwenye boma hulipwa, kiasi kijulikane kabla ya kuondoka Kisumu, na apewe mkononi kwa heshima, ndani ya nyumba, si mbele ya kamera. Sukari na majani ya chai ni juu ya hapo. Mkisema fedha zitaharibu ukweli wa masimulizi, nitawauliza kama mhadhiri wa chuo husema uongo kwa sababu ana mshahara.

Kitu cha mwisho ninachobeba ni daftari la kawaida la shule. Mgeni yeyote ambaye ana ndugu aliyekwenda Keya au Kariakor, nasi wa Nyanza ni wachache tusio naye, huandika humo jina, kijiji, na kama alirudi au hakurudi. Wengi huandika kwamba hakurudi. Yule mzee wa ugoro alinitajia jina la babu yake siku ile ile, nikafungua kalamu, naye akaushika mkono wangu akasema nisiandike kwanza, kwamba jina hilo ni la ukoo mzima, hivyo sharti awaulize ndugu zake kama linaweza kukaa katika daftari la watu wasiowajua. Nimempigia simu mara mbili tangu hapo. Ndugu mmoja bado hajakubali, yuko Migori, na ukurasa wa babu nimeuacha wazi.