Soko la PVC nchini China: bei inayoamuliwa nje ya PVC yenyewe

Ndugu mwenyekiti, wahadhiri wenzangu, wanafunzi na wafanyabiashara mliofika, nashukuru kwa nafasi hii. Nimeombwa nizungumzie mwenendo wa soko la resini ya PVC nchini China na matarajio ya biashara yake na nchi za nje. Nimekubali kwa moyo mkunjufu, kwa sababu hii ni plastiki ambayo kila nyumba inaitumia, katika bomba la maji, fremu ya dirisha na ganda la waya wa umeme, na bado ni wachache wanaojishughulisha kujua bei yake inatoka wapi. Wengi hudhani inafuata mafuta ya petroli, kama plastiki nyingine. Kwa China dhana hiyo inapotosha, na naomba tuanze kwa kuiondoa.

Ukichota kiganjani unga wa PVC kutoka kwenye mfuko wake wa kilo 25, utaona chembe nyeupe, kavu, zinazopenya kati ya vidole kama chumvi iliyosagwa. Mfanano huo si wa macho tu. Katika kila kilo 100 za unga huo, karibu kilo 57 ni klorini, na klorini hiyo hupatikana kwa kupitisha umeme katika maji ya chumvi. Kilo zilizobaki ni kaboni na hidrojeni. Sehemu kubwa ya dunia hupata kaboni hiyo kutoka kwenye ethilini, ambayo hutengenezwa kwa gesi au mafuta. China, yenye makaa ya mawe tele na mafuta yasiyoitosha, ilishika njia nyingine. Chokaa na makaa ya koki huchomwa pamoja katika tanuri ya umeme kwa joto la nyuzi 2,000 hivi, ikapatikana kabidi ya kalsiamu. Kabidi hiyo ikitiwa maji hutoa gesi ya asetilini. Nayo asetilini ikiunganishwa na kloridi ya hidrojeni hutoa vinili kloridi, ambayo ndiyo mzazi wa PVC. Takriban robo tatu ya PVC ya China imetengenezwa kwa njia hiyo.

Tani moja ya PVC kwa njia ya kabidi hudai karibu tani moja na nusu ya kabidi, na kila tani ya kabidi hula zaidi ya kilowati-saa 3,000 za umeme, kabla hatujahesabu umeme wa kutenganisha chumvi. Ndiyo sababu viwanda vikubwa vya aina hii viko Xinjiang, Mongolia ya Ndani, Shaanxi na Ningxia, kwenye makaa na umeme wa bei nafuu, ingawa wanunuzi wengi wako mashariki na kusini, kilomita elfu kadhaa kutoka hapo. Anayeuliza bei ya PVC ya China, kwa hiyo, anauliza kwanza bei ya makaa ya mawe na ya umeme, na nauli ya treni kutoka magharibi.

Mwaka 2021 ulionyesha jambo hili kwa nguvu. Mwezi wa Februari baridi kali ilizimisha viwanda vya kemikali vya Texas, na mwishoni mwa Agosti kimbunga Ida kikapiga Louisiana, ambako kuna viwanda vingi vya PVC vya Marekani. Dunia ikageukia China. Wakati huohuo, mikoa ya China ilikuwa imewekewa viwango vya matumizi ya nishati, makaa yakapanda bei, umeme ukakatwa, na tanuri za kabidi zikawa miongoni mwa za kwanza kuambiwa zipunguze kazi. Oktoba mwaka huo, mikataba ya bei ya baadaye ya PVC, yaani ile ya kukubaliana leo bei ya mzigo utakaotolewa baadaye, katika soko la bidhaa la Dalian nchini China ilipita yuan 13,000 kwa tani. Kisha serikali ikaingilia kati bei ya makaa, na kabla wiki nyingi hazijapita bei hiyo ilikuwa chini ya yuan 10,000. Waliokuwa wamenunua shehena kileleni waliumia vibaya. Hakuna kisima cha mafuta kilichohusika na mporomoko ule.

Hiyo ilikuwa bei ya juu. Tangu wakati ule mwendo umekuwa wa kushuka, na mwaka 2025 bei ya Dalian ilikwenda hadi chini ya yuan 5,000. Sababu ya kwanza mnaijua: nyumba. PVC ni bidhaa ya ujenzi kuliko plastiki nyingine zote kubwa. Mwaka 2019 China ilianza kujenga majengo yenye eneo la mita za mraba takriban bilioni 2.27. Agosti 2020 serikali iliweka mipaka mikali ya madeni kwa kampuni za ujenzi. Mwaka uliofuata kampuni ya Evergrande ikashindwa kulipa madeni yake, na Januari 2024 mahakama ya Hong Kong ikaamuru ifilisiwe. Kufikia mwaka 2024 eneo la ujenzi mpya lilikuwa limeshuka hadi mita za mraba milioni 739 hivi, yaani chini ya theluthi moja ya lile la 2019. Nyuma ya tarakimu hizo kuna familia zilizolipia nyumba ambazo hazikumalizika, na sidhani ni haki kuzisoma kama mistari ya grafu tu.

Hapa wachambuzi wengi walikosea, na kosa lao lina funzo la kitaalamu. Walipoona ujenzi mpya unaporomoka mwaka 2022, walitabiri kwamba matumizi ya PVC yangeporomoka papo hapo. Lakini bomba na dirisha haviwekwi siku ya kuchimba msingi. Huwekwa jengo linapokaribia kukamilika. Mwaka 2023 serikali ilisukuma nyumba zilizokwama zimalizwe, na eneo la majengo yaliyokamilika likaongezeka hadi karibu mita za mraba bilioni moja. PVC iliendelea kutumika. Pigo lilikuja mwaka 2024, eneo lililokamilika liliposhuka kwa zaidi ya robo. Anayefuatilia bidhaa hii atazame nyumba zinazokamilika sasa, kisha nyumba zilizoanzwa miaka miwili au mitatu iliyopita, kwa kuwa hizo ndizo zitakazokamilika kesho.

Sasa nifike kwenye kiini cha mhadhara wangu, nacho ni swali ambalo nimeulizwa mara nyingi na wanunuzi: ikiwa bei imeshuka kiasi hiki, na ikiwa wanaotengeneza PVC wanapata hasara, mbona hawafungi viwanda?

Jibu liko kwenye maji ya chumvi tuliyoanza nayo. Umeme ukipita katika maji hayo, haitoki klorini peke yake. Hutoka pia hidrojeni na soda kostiki, ile alkali kali inayounguza. Haya hayatenganishwi kwa hiari ya mwenye kiwanda. Kwa hesabu ya kemia, klorini ya kutosha tani moja ya PVC huzaliwa pamoja na karibu kilo 640 za soda kostiki. Soda kostiki ina wanunuzi wa uhakika: viwanda vya karatasi, vya nguo, na zaidi ya wote viwanda vya alumina, malighafi ya alumini, ambavyo huitumia kuyeyushia boksiti, yaani mawe yenye madini hayo. Klorini, kinyume chake, ni gesi ya sumu ambayo haiwekwi ghalani kwa wingi wala haisafirishwi mbali kwa usalama. Lazima itumike palepale inapotoka, na mtumiaji wake mkubwa kuliko wote ni PVC.

Tuchukue mfano wa kubuni. Tuseme PVC inaleta hasara ya yuan 400 kwa kila tani, na soda kostiki inaleta faida ya yuan 800 kwa tani. Kilo 640 za soda zilizopatikana pamoja na tani ile ya PVC zitaleta yuan 512. Mwenye kiwanda atakayejumlisha vitabu vyake viwili atabaki na faida ya yuan 112, na hatazima chochote. Akizima PVC, klorini itakosa pa kwenda, na soda inayomlisha itakoma. Wafanyabiashara wa China wana msemo wa fani kwa hali hii: soda hufidia klorini. Wenye kuumia kweli ni wale wasio na mitambo yao ya kutenganisha chumvi, wanaonunua kabidi au malighafi nyingine sokoni na hawana soda ya kuuza. Hao hufunga mapema. Lakini uwezo mkubwa uko mikononi mwa viwanda vilivyounganisha kazi zote mahali pamoja.

Kwa maoni yangu, jambo hili moja lina uzito kuliko takwimu zote za akiba ya maghala ambazo watu huzisoma kila wiki. Bei ya chini ya PVC haitoshi kupunguza PVC. Itapungua pale tu soda nayo itakaposhuka. Na si mimi pekee ninayeona hivyo: Septemba 2023 soko la bidhaa la Zhengzhou lilianzisha mikataba ya bei ya baadaye ya soda kostiki, miaka kumi na minne baada ya Dalian kuanzisha ile ya PVC mwezi Mei 2009, na tangu hapo wafanyabiashara wameweza kununua moja na kuuza nyingine siku hiyohiyo.

Uwezo wa China wa kuzalisha PVC unakaribia tani milioni 30 kwa mwaka, karibu nusu ya uwezo wa dunia nzima, na haukuacha kukua wakati nyumba zinapungua. Viwanda vipya vya karibuni vingi vimejengwa pwani na vinatumia ethilini, hivyo viko jirani na bandari. Ziada isiyotumika ndani haina njia ila kwenda nje. Mwaka 2019 China iliuza nje karibu tani nusu milioni. Mwaka 2024 ilipita tani milioni 2.5. Kumbukeni kwamba kuanzia mwaka 2003 hadi 2019 nchi hiyohiyo ilitoza ushuru maalumu PVC ya Marekani, Japani, Korea Kusini na kwingineko, ikisema inauzwa chini ya bei ya haki na kuwaumiza wazalishaji wake. Leo lawama hiyohiyo inaelekezwa kwake.

Karibu nusu ya mauzo hayo huenda India, na ndiyo maana siwezi kutabiri soko la China bila kuvuka mpaka huo. India hutumia PVC nyingi kuliko inayozalisha, hasa kwa mabomba ya umwagiliaji na ya maji ya vijijini, kazi iliyopanuka tangu mpango wa Jal Jeevan wa kufikisha bomba katika kila kaya ya kijijini uzinduliwe Agosti 2019. Mwaka 2024 nchi hiyo ilifungua uchunguzi wa bei za chini dhidi ya nchi kadhaa, China ikiwemo. Pia ilitangaza kanuni ya ubora ambayo ingemlazimu kila mtengenezaji wa nje apate cheti, ikaiahirisha zaidi ya mara moja, na Novemba 2025 ikaifuta. Kila tarehe ya mwisho ilipokaribia, wanunuzi walisita na wauzaji wa China wakashusha bei ili shehena ifike mapema. Kila ilipoahirishwa, biashara ikafunguka tena. Ongezeni juu ya hayo mvua za monsuni za Juni hadi Septemba, ambazo hupunguza kazi ya kutandaza mabomba. Kwa miaka ya mbele, kampuni za Reliance na Adani zimetangaza kujenga viwanda vikubwa vya PVC huko India, na zikikamilisha, mlango mpana kuliko yote wa ziada ya China utaanza kuwa mwembamba.

Liko jambo moja zaidi, nalo nalisema kwa uchungu. Asetilini na kloridi ya hidrojeni haviungani vyenyewe. Vinahitaji kichocheo, na kichocheo cha jadi ni kloridi ya zebaki. Kwa sababu hiyo tasnia ya PVC imekuwa mtumiaji mkubwa wa zebaki nchini China. Mkataba wa Minamata, uliopitishwa mwaka 2013 na kuanza kutumika Agosti 2017, umepewa jina la mji wa Japani ambao wakazi wake walilemazwa na zebaki iliyomwagwa baharini na kiwanda ambacho nacho kilitumia kemia ya asetilini. Ugonjwa wao ulitambuliwa rasmi mwaka 1956. Mkataba huo ulizitaka nchi zipunguze kwa nusu zebaki itumiwayo kwa kila tani ya vinili kloridi ifikapo 2020, zikilinganisha na mwaka 2010, na ziiache kabisa baada ya kuthibitika kwamba vichocheo visivyo na zebaki vinafaa kiufundi na kiuchumi. Kichocheo cha dhahabu kipo na kimeshatumika viwandani. Kikwazo ni gharama, na kiwanda kinachouza PVC kwa hasara hakina haraka ya kununua dhahabu.

Kwa hiyo matarajio yangu ni haya. Ziada ya China haitaondolewa na bei ya chini peke yake. Kitakachoipunguza ni kushuka kwa soda kostiki, au kanuni ya zebaki itakayosimamiwa kwa dhati, kwa kuwa hiyo itagusa robo tatu ya uzalishaji kwa mkupuo mmoja. Mpaka hapo, shehena zitaendelea kutoka kwa wingi na mashauri ya ushuru yataongezeka. Asubuhi ninapofungua taarifa za soko, huanza na bei ya soda kostiki ya Shandong, ile ya maji yenye nguvu ya asilimia 32. Ikiwa imara, sina haja ya kuuliza kama kuna kiwanda cha PVC kitakachozimwa wiki hiyo. Nakaribisha maswali.